Jinsi nilivyopata mshahara wangu wa miezi minne shule iliyosema sijaajiriwa

Wadau, nilifundisha hesabu shule moja binafsi huku Buhongwa, Mwanza, mkataba wa mdomo tu, mishahara ikasimama miezi minne, nikiuliza naambiwa wewe ulikuwa unajitolea. Iliniuma sana jamani, nina watoto.

Kilichoniokoa ni sheria ya ajira ya 2004, kifungu cha 15: maelezo ya kazi kwa maandishi ni jukumu la mwajiri, akishindwa kuyatoa kwenye shauri basi mzigo wa kuthibitisha ni wake, sio wako. Nikajaza fomu namba 1 ya CMA (Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, wanaoshughulikia migogoro ya kazi), nakala nikampelekea mkuu asaini kupokea, ndo nikafungua shauri. Madai ya mshahara ni ndani ya siku 60, kufukuzwa ni 30, msizembee hapo!

Kwenye usuluhishi nilibeba maandalio ya masomo, kila wiki saini ya mkuu na muhuri wa bluu, mengine yameloa mvua kwenye daladala ila yanasomeka. Msuluhishi akayafunua taratibu, akamuuliza mkuu, hii saini ya nani? Kimya. Tukasaini makubaliano, wakalipa kwa awamu mbili.