Babu Anamwita Chencho

Desemba iliyopita, umeme uliporudi baada ya kukatika tangu mchana, niliwawekea mama yangu na watoto wa dada yangu, hapa nyumbani Kampala, filamu ya Kihispania iitwayo La gran familia, nikakaa kando ya televisheni nikiwatafsiria kama wafanyavyo maVJ katika vibanda vyetu vya filamu, ingawa ustadi wao sina.

Filamu hiyo ya Fernando Palacios ilitoka mwaka 1962, mwaka uleule tuliopata uhuru, nayo inamhusu baba wa Madrid mwenye watoto 15 ambaye kazi moja haimtoshi kuwalisha. Wakosoaji hukumbusha, na hawakosei, kwamba serikali ya Franco, dikteta wa Hispania wakati huo, iliwatuza wazazi wenye watoto wengi, hivyo nyumba iliyojaa namna ile iliwafaa watawala. Lakini sidhani kwamba sera iliwahi kumchekesha mtu kwa miaka 60. Mimi naona kicheko chake kinatokana na hesabu, maana kila kinachoingia mle ndani, kiwe mkate au viatu, sharti kigawanywe kwa 15, na hesabu hiyo mama yangu, aliyezaliwa katika nyumba ya watoto kumi na mmoja waliolala mzungu wa nne, aliielewa kabla sijafungua kinywa. Alicheka peke yake, kisha akanitazama kana kwamba mimi ndiye niliyechelewa.

Kisha likaja soko la Krismasi katika uwanja wa Plaza Mayor. Babu, anayeigizwa na José Isbert, mzee mfupi mwenye sauti iliyokwaruza kama mlango usiotiwa mafuta, anawapeleka wajukuu kutembea, na katika msongamano ule mdogo wao, Chencho, anampotea. Anazunguka akiita jina hilo moja, “Chencho! Chencho!”, na sauti ileile iliyotuchekesha muda mfupi uliopita sasa haichekeshi hata kidogo. Hapo sikutafsiri neno. Mama alisema tu, “Maskini, mzee wa watu,” akakataa kwenda kulala mpaka mtoto apatikane, na kwa bahati nzuri hupatikana.

Asubuhi dada yangu alipokuja kuwachukua wanawe, aliwakuta uani wakijificha na kuitana Chencho kwa sauti za kukwaruza, na mama barazani akiwahesabu.