Ziara ya basi vijijini Unguja: nilianza na kalenda ya msikitini

Kila nikisimulia kwamba niliwapeleka wanakikoba wenzangu, wa kikundi chetu cha kuweka na kukopa, kutembea vijiji vya pwani ya Unguja kwa kosta, kutwa moja, na hakuna aliyerudi amenuna, hakosekani mtu wa kunifundisha. Ungewapeleka Nungwi. Ungenunua ile ziara ya kuzunguka kisiwa kizima. Bahari ni bahari, dada, nenda siku yoyote. Ushauri huo wa mwisho ndio unaonichemsha damu, maana hiyo "siku yoyote" nilishailipia.

Kabla ya hapo tulikuwa tumenunua ziara iliyoandaliwa na watu wa ziara. Jina la ofisi nabaki nalo. Karatasi yao ilikuwa nzuri: mashamba ya viungo, Nungwi, Paje, mwani, machweo, chakula cha mchana, vyote kwa siku moja. Tuliambiwa saa mbili kamili, basi likatokea saa tatu na nusu, kisha likaanza kuzunguka hotelini kuokota abiria wengine.

Kwenye viungo tulikaa mno. Kijana akapanda mnazi huku anaimba, tukapiga makofi. Mweka hazina wetu amezaliwa Mkuranga, amekulia chini ya minazi, leo kalipa nauli ya boti kuvuka bahari aje aonyeshwe nazi inavyoanguliwa, halafu akaombwa bakshishi. Alivishwa na taji la makuti. Picha ile bado ipo kwenye kundi letu la WhatsApp, na akiichokoza hesabu ya mtu yeyote tunaituma tena.

Nungwi palikuwa na kitu cha kutazama kweli. Mafundi walikuwa wanaunda jahazi ufukweni, mmoja anachonga ubao kwa tezo, mwingine anakalafati: anashindilia pamba katikati ya mbao, nyundo inagonga patasi taratibu, nyuzi zinazama mpaka huzioni. Mzee aliyekuwa amekaa kivulini alianza kutueleza kwa nini ubao fulani hukatwa kwenye mti uliojipinda wenyewe. Hapo ndipo mtembezaji wetu akapiga makofi: haya jamani, basini, Paje inatusubiri! Mzee akabaki na sentensi yake mkononi.

Kutoka Nungwi mpaka Paje ni kutoka ncha ya kaskazini kuja mashariki kusini, na kosta iliyojaa haikimbii. Watu walilala. Tulifika saa kumi na moja jioni, tukashuka kwa furaha, tukakuta bahari imegota kwenye kuta za mahoteli. Hakuna mchanga. Mawimbi yanapiga ngazi. "Mwani uko wapi?" nikauliza. Akanionyesha maji. "Uko humo chini." Na wakulima? "Washarudi majumbani kwao." Machweo nayo hatukuyaona, kwa sababu Paje inatazama mashariki, jua linazama nyuma ya mahoteli. Hilo hata mtoto wa darasa la nne anajua, lakini kwenye karatasi liliandikwa.

Siku iliyofuata kwenye boti ya kurudi Dar nilikaa karibu na mzee mmoja wa Makunduchi, kofia safi ya kutunga, bahasha ya halua mapajani. Nikamshikamoo, nikammwagia yangu yote. Akanisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza, "Mlikwenda tarehe ngapi?" Nikamtajia. "Si hiyo, mwanangu. Ya Kiislamu." Sikuwa naijua. Akatoa simu, akatazama, akacheka mpaka akashika ubavu. "Mwezi kumi na tano! Kumi na tano jioni maji yamejaa pomoni. Aliyekupelekeni anajua, ila keshakula chake."

Basi safari nzima ya boti, saa mbili hivi, ikawa darasa. Mwezi ukiwa mchanga na ukiwa mpevu ni bamvua: maji yanajaa sana na yanapwa sana. Katikati, kwenye tarehe nane, tisa, na ishirini na mbili, tatu, ni maji mafu, bahari haitoki mbali wala haiji karibu. Kwa Unguja, tarehe mosi na kumi na tano ya mwezi wa Kiislamu maji huwa yamepwa kabisa kati ya saa nne na saa tano asubuhi, na yanajaa saa kumi, kumi na moja jioni. Kila siku inayofuata ongeza kama dakika 50. Kwa hiyo tarehe kumi na saba maji yamepwa karibu na saa sita mchana, kumi na nane yanasogelea saa saba. Maji yakitoka upande wa mashariki yanatoka kweli, bahari inajivuta mpaka kule kwenye mwamba ambako mawimbi yanavunjika, na huku nyuma panabaki uwanda wa mchanga, vidimbwi na mashamba ya mwani. Wenye mwani hawaendi shambani kwa saa ya ukutani, wanakwenda kwa bamvua. Ukifika siku ya maji mafu, wako nyumbani wanaanika.

Nilipofika nyumbani niliomba kalenda kwa jirani yangu, ile ya msikitini inayotundikwa ukutani, yenye nyakati za sala na tarehe za Kiislamu. Mimi ni Mlutheri. Jirani alifikiri nataka kusilimu, akaniwekea na tende. Kwa kalenda hiyo nikachagua wiki. Ziko jedwali za maji kwenye intaneti, nami nilihakikisha huko, lakini raha yake ni kuhesabu mwenyewe kwa kidole. Kumi na saba ikaangukia Ijumaa. Ijumaa mchana dereva na mtembezaji wako msikitini, kijiji kimetulia, na hawana sababu ya kukimbia kwa ajili yako. Nikasogeza Jumamosi, kumi na nane. Ramadhani usiiguse kama unataka kula mchana, na masika usinilaumu.

Gari tulikodi wenyewe. Kosta na dereva wake, mafuta juu yao, ilikuwa laki tatu na kitu, tukaigawana. Ukiongeza chakula na mtembezaji, kila mtu hakufika elfu hamsini. Mweka hazina anasema ilifika. Mtembezaji nilimtafuta kwa sharti moja: awe mzaliwa wa kijiji tunachokwenda. Vitambulisho vya Kamisheni ya Utalii wengi wanavyo, lakini kijana wa Jambiani anayesalimiana na bibi zake njia nzima ni kitu kingine. Mapapasi walitufuata tangu bandarini kutuuzia ziara, wakasikia tunajibu kwa Kiswahili cha Mbagala, wakapunguza bei wenyewe, kisha wakaondoka wenyewe.

Sasa kuna jambo ambalo hakuna aliyewahi kuniambia: ndani ya basi huioni bahari. Barabara za Unguja zinapita ndani, katikati ya minazi na vichaka vya mawe, na vijiji viko kati ya lami na maji. Unaweza kuzunguka kutwa ukaona migomba na madirisha ya maduka. Kwa hiyo basi lisikutembeze, likutangulie. Linakushusha mwanzo wa kijiji, dereva anakwenda kunywa chai mwisho wa kijiji, nyie mnatembea ufukweni mpaka mnamkuta. Dereva wetu mwanzoni alikataa, akidhani ni hila ya kumkwepa kwenye malipo. Nikamwachia shangazi yangu anayeumwa magoti kama rehani. Wakapatana sana wale wawili, tuliporudi walikuwa wanakula kashata.

Tulitoka Mji Mkongwe saa moja. Njia ya kusini inapita Bungi, penye safu ya miembe mikongwe ya Bi Khole, binti wa Sayyid Said. Tuliipita tu, lakini mpunguzieni dereva mwendo pale. Kwanza Kizimkazi Dimbani, kwenye ule msikiti mkongwe. Kwa nje unaweza kuupita, paa la bati kama nyumba nyingine. Ndani, kwenye mihrabu, kuna maandishi ya Kikufi, mwandiko wa kale wa Kiarabu, yaliyochongwa kwenye jiwe, ya mwaka 500 Hijria, yaani 1107. Sehemu kubwa ya jengo ilijengwa upya karne ya 18, maandishi ndiyo ya kale. Bado unasaliwa, kwa hiyo viatu nje, kichwa kifunikwe, sauti chini, na muulizeni mwenyeji kwanza. Tulikuwa na kanga za kutosha. Wenzetu fulani kutoka gari jingine walikuja na kaptula wakaishia kusoma makaburi ya nje.

Kwenda kuwafukuza pomboo kwa boti nilikataa. Niliona boti zimewazunguka kama daladala zinavyogombea abiria kituoni, ikanitosha. Kizimkazi ni kwao Rais Samia, na Agosti wana tamasha lao kubwa, mkienda wakati huo jiandaeni kwa foleni. Makunduchi tulipita haraka. Kama unaweza kwenda Julai, pangilia na Mwaka Kogwa, sherehe yao ya mwaka mpya, ila hiyo ni siku nyingine kabisa, usiichanganye na ziara.

Jambiani tukashuka karibu saa sita. Maji yalikuwa yameondoka. Nasema yameondoka, ngalawa zimelala ubavu mchangani, na kule mbali watu wadogo wadogo wameinama. Jua kali, kofia na maji ya kunywa si anasa. Miguuni vaeni yeboyebo, hizi za plastiki. Kandambili zinabaki kwenye tope, na peku utakanyaga vile vidude vyeusi vyenye miiba mirefu, miiba inakatikia ndani ya mguu. Nilinunua za jumla Kariakoo, watu wakanicheka kwenye boti, mchana hawakucheka.

Mtembezaji alitupitisha kwenye njia ya mchanga mweupe kati ya mashamba, ili tusikanyage kamba za watu. Kwa bibi mmoja tukasimama. "Shikamoo bibi." "Marahaba, karibuni, msikanyage upande huo." Amekaa ndani ya maji ya kiunoni na nguo zake zote, kamba imefungwa vijiti pande mbili, anachukua kitawi cha mwani, anakizungushia kikamba, anakaza, anasogea, kingine. Mikono yenyewe inafanya, macho yako kwetu. Akatueleza kwamba mwani huu ni aina ya spinosumu, kwamba aina ya kotonii ndiyo yenye bei lakini maji yamekuwa ya moto, inaoza. Wiki sita hivi mpaka kuvuna, kisha kuanika, kisha mnunuzi anataja bei yake mwenyewe. Mweka hazina akaingia majini kufunga. Akafunga vitawi kadhaa, bibi akavitazama, akavifungua vyote, akavifunga upya, bila kusema neno.

Karibu naye wanawake wengine walikuwa wanachokoa pweza kwenye mwamba kwa fimbo ya chuma. Tukaona pia marundo ya mawe mchangani, tukadhani ni mipaka. Chini yake kumezikwa makumbi ya nazi, yanalowekwa miezi kadhaa mpaka yalainike, yafukuliwe, yapigwe, yasokotwe kamba. Lilifukuliwa moja mbele yetu. Harufu ile iliingia mpaka kwenye kosta.

Chakula tulikiagiza siku moja kabla, kwa simu, kwa mama anayepika kwake. Usipoagiza, samaki anaanza kutafutwa mkishakaa. Tulikula wali wa nazi, changu wa kupaka na pweza wa nazi, chini ya mkungu, miguu ina chumvi. Tulilipa kwa simu, lakini noti ndogo ndogo beba, za madafu na vitu kama hivyo.

Paje tulikwenda kununua sabuni za mwani zinazotengenezwa na akina mama wa pale, basi. Kwenye ule mgahawa uliojengwa juu ya jabali kule Michamvi Pingwe hatukufika. Wajumbe walitaka picha, mimi nikahesabu saa na kukataa, mpaka leo kuna wawili wananisengenya. Wakati wa kurudi, pale penye msitu wa Jozani, kima punju, wale wenye mgongo mwekundu, walikuwa wanavuka barabara na watoto wao. Matuta yale yamewekwa kwa ajili yao, dereva akizima injini mnawaona vizuri kuliko kukimbizana nao msituni.

Dereva na mtembezaji tuliwachangia bahasha, kila mmoja alichonacho. Shangazi akaongeza ya kwake pembeni kwa dereva na akachukua namba yake ya simu, sijauliza ya nini. Kikoba kinataka Pemba mwakani. Mweka hazina amejitolea kuandaa safari hiyo peke yake, nami nimempa kalenda, yeboyebo ajinunulie.