Cobham, kijiji kilichomlea Herbert Baker

Treni ya kutoka Victoria, London, ilinishusha Sole Street, kituo kidogo kilichozungukwa na mashamba ya Kent. Kutoka hapo nilishika njia kwa miguu hadi Cobham. Wageni wengi wa kijiji hiki hufuata kanisa lenye mabamba ya shaba ya makaburi ya kale. Mimi nilifuata nyumba iitwayo Owletts, alikozaliwa msanifu majengo Herbert Baker mwaka 1862. Ujana wangu niliumalizia Nairobi School, nikipita kila siku chini ya matao aliyoyachora yeye na mwenzake Jan Hoogterp. Ikulu ya Mombasa nayo ni kazi yake. Kwa miaka mingi nilitamani kuona alikoanzia.

Owletts ni nyumba ya matofali mekundu yenye dohani ndefu, iliyojengwa mwaka 1683 na 1684 kwa mkulima tajiri aliyeitwa Bonham Hayes. Kwenye ukumbi wa ngazi niliinua macho nikasahau kuyashusha: dari imepambwa kwa plasta ya maua na matunda, na mwaka 1684 umeandikwa humo humo. Baba yake Baker alikuwa mwenye mashamba, na nyumbani walizaliwa watoto tisa. Nilijaribu kumfikiria mtoto anayeshuka chini ya dari ile kila asubuhi. Naamini masomo yake yalianzia pale, kabla ya Tonbridge School alikopelekwa baadaye.

Nyuma ya kanisa kuna jengo la mawe lililoanzishwa mwaka 1362 kwa ajili ya mapadri, ambalo mwaka 1598 liligeuzwa makao ya wazee maskini. Vyumba vyake vidogo vimeuzunguka ua, mlango kwa mlango, na ua huo una utulivu nilioujua kwenye nyumba za Lamu. Nilikaa pale muda mrefu kuliko nilivyopanga. Baker alikuja kuwa mtu wa nyua na baraza zenye nguzo, iwe Pretoria au Nairobi, na sioni ajabu kwamba alikulia karibu na mahali hapa. Tangu ujana alikuwa pia akizunguka kutazama makanisa ya kale, yale ya Wanormani hasa. Kanisa kuu la Rochester, lenye matao yake mazito ya mviringo, haliko mbali.

Mwaka 1879 akawa mwanagenzi kwa binamu yake, Arthur Baker, msanifu majengo mjini London. Ndivyo kazi hii ilivyofundishwa wakati huo. Kijana alifungwa kwa mkataba wa miaka kadhaa ofisini kwa bwana wake, akinakili michoro na kupima majengo kwa mkono. Baker alihudhuria pia madarasa ya Architectural Association na ya Royal Academy. Kisha akaingia ofisi ya Ernest George na Harold Peto, ambako alijuana na msanifu mwenzake Edwin Lutyens, ambaye miaka mingi baadaye wangejenga naye New Delhi na kugombana huko. Katika mtihani wa taasisi ya wasanifu wa Uingereza alipata tuzo ya Ashpitel, iliyotolewa kwa aliyeongoza.

Bustanini Owletts nilikuta kibeseni cha ndege kilichotengenezwa kwa vichwa vya nguzo za Benki ya Uingereza ya zamani, kazi ya John Soane, msanifu aliyemtangulia Baker. Baker ndiye aliyesimamia kubomolewa kwa sehemu kubwa ya jengo hilo, ili ajenge jipya. Iliniuma. Mtu aliyefunzwa na majengo ya kale aliwezaje? Jibu langu ni kwamba mabwana waliomfunza walipenda Zama za Kati na nyumba za matofali kama Owletts. Soane hakuwa miongoni mwa wasanifu ambao mabwana hao waliwapenda, na mwanafunzi hurithi pia yale ambayo mwalimu wake hayaoni.

Jioni nilikwenda Gravesend, kwenye mto Thames, alikofungua ofisi yake ya kwanza mwaka 1890. Hakudumu. Mwaka 1892 alipanda meli kwenda Afrika Kusini, na mwaka uliofuata Cecil Rhodes, tajiri wa madini na waziri mkuu wa Koloni ya Rasi, akampa kazi ya kuitengeneza upya nyumba yake ya Groote Schuur, Cape Town. Kuanzia hapo alikuwa msanifu wa watawala, na kwa njia hiyo alifika Nairobi katika miaka ya 1920.