Kumtumikia Mwandishi: David Suchet na Warumi 8

Somo la wiki: Warumi 8:31–39. Pamoja nalo: Nehemia 8:8

Wapendwa katika Bwana,

Mwaka 1988, kabla kamera hazijawashwa, mwigizaji Mwingereza David Suchet alikaa na vitabu vya Agatha Christie, mwandishi wa hadithi za upelelezi, kimoja baada ya kingine, akiandika kila alichokikuta kuhusu mpelelezi wa kubuni aitwaye Hercule Poirot. Orodha ilifika mambo 93. La kwanza: ni Mbelgiji, si Mfaransa. La tatu: hutia vipande vinne vya sukari kwenye chai au kahawa, wakati mwingine vitatu, mara chache vitano. La nne: viatu vyake vimechongoka mbele, vinambana na vinang'aa. La sita: hapendi kupanda ndege. La kumi: ni mtu wa imani, hujiita Mkatoliki mwema, na husoma Biblia yake kila usiku kabla ya kulala.

Mambo 93 kwa ajili ya mtu ambaye hakuwahi kuzaliwa. Paulo alizaliwa, akapigwa bakora, akavunjikiwa merikebu, akaandika. Na bado Jumapili nyingi waraka wake husomwa na mtu anayeuona ukurasa ule kwa mara ya kwanza pale pale mimbarini, kipaza sauti kikiwa kimeshawashwa. Hilo ndilo linalotusukuma wiki hii kumtazama mwigizaji huyu kwa makini.

Suchet alizaliwa London tarehe 2 Mei 1946. Baba yake alikuwa daktari wa wanawake, mama yake aliwahi kuwa mwigizaji, na nyumba haikuwa ya dini. Alisomea uigizaji katika chuo cha LAMDA, na mwaka 1973 akaingia kundi la maigizo la Royal Shakespeare Company. Televisheni ilimjia polepole: aliigiza daktari Sigmund Freud mwaka 1984, kisha mwaka 1985 akaigiza inspekta Japp katika filamu ambayo Poirot alikuwa Peter Ustinov. Vipindi vyake mwenyewe vya Poirot vilianza kuonyeshwa na kituo cha televisheni cha ITV Januari 1989 na kumalizika Novemba 2013. Ni vipindi 70 kwa karibu miaka 25, yaani hadithi zote kubwa za mpelelezi huyo. Katikati ya hayo aliigiza matajiri wawili walafi, Melmotte mwaka 2001 na Robert Maxwell mwaka 2007, na kwa huyo wa pili akapata tuzo ya kimataifa ya Emmy. Mwaka 2020 alipewa heshima ya "Sir".

Namna alivyomjenga Poirot inatufaa zaidi kuliko tuzo. Sauti ya Suchet kwa asili ni nzito, inatoka kifuani. Aliona kwamba mtu anayeishi kwa akili asingesema kutoka kifuani, basi akaipandisha sauti hadi kichwani. Alisikiliza rekodi za redio za Wabelgiji na Wafaransa ili lafudhi isiwe ya kubahatisha. Tumbo lile la mviringo lilikuwa vazi la kujazia lililovaliwa chini ya suti. Siku za mwanzo za upigaji picha kulitokea mvutano: Poirot alitakiwa kukaa kwenye benchi la bustani, na Suchet akataka kwanza atoe leso, afute benchi, aitandike, ndipo akae. Mwongozaji aliona ni kichekesho. Suchet alishikilia, kwa kuwa ndivyo mwandishi alivyomchora mtu huyo. Mtayarishaji akaitwa kuamua, akaamua leso itandikwe. Suchet amesema mara nyingi kwamba aliingia katika kazi hii ili amtumikie mwandishi. Ukilishika neno hilo, leso inaeleweka, na orodha ya 93 inaeleweka.

Sasa rudi nyuma miaka miwili. Mwaka 1986 alikuwa Marekani kwa kazi ya filamu. Akiwa hotelini alianza kumfikiria babu yake aliyefariki, na swali la maisha baada ya kifo likamkamata. Akatafuta Biblia. Hakuanzia Mwanzo, alikwenda kwa Paulo, mtu ambaye alikuwa na hakika kwamba aliishi, na akausoma Waraka kwa Warumi kama barua, kama mtu aliyepokea bahasha yenye jina lake. Katika sura ya 8 alikutana na maisha aliyokuwa akiyatafuta. Imani haikukamilika usiku ule. Ilimchukua miaka ya kuuliza na kusoma hadi akatulia katika Kanisa la Anglikana. Lakini tazama mlango alioingilia. Hapakuwa na mhubiri chumbani wala mkutano wa injili. Palikuwa na barua ndefu na msomaji aliyezoea, kwa taaluma yake, kuuliza: nani anasema, anamwambia nani, na kwa nini anasema sasa?

Baadaye alienda kumtafuta Paulo kwa miguu: mwaka 2012 alitengeneza filamu ya BBC akizifuata njia za mtume huyo kuzunguka Mediterania, na baada yake nyingine juu ya Petro. Ile nambari ya 10 ya orodha, Biblia kabla ya kulala, nayo haikusahaulika. Katika filamu ya mwaka 2010 ya mauaji ndani ya treni ya Orient Express, Poirot anaonekana wazi na rozari mkononi. Jambo lililoandikwa kwenye karatasi mwaka 1988 lilisubiri miaka 22 kupata uzito wa namna hiyo.

Kisha ikaja kazi ambayo wengi wetu tungeitaja ya kwanza. Katika kipindi kile kile cha kumaliza filamu za mwisho za Poirot, Suchet alikuwa akiingia studio kuisoma Biblia nzima kwa sauti, tafsiri ya kisasa ya Kiingereza ya NIV: vitabu 66, sura 1,189. Alitumia zaidi ya saa 200 za studio. Kilichotoka mwaka 2014 ni takriban saa 80 za kusikiliza. Piga hesabu: kwa kila saa moja unayoisikia, zaidi ya saa mbili na nusu zilitumika mbele ya kipaza sauti, na hapo hujahesabu maandalizi ya nyumbani. Mwaka 2017 aliisoma Injili ya Marko yote kwa mkao mmoja katika Kanisa Kuu la Mtakatifu Paulo, London, kazi ya saa mbili hivi.

Tunasikia mtu akisema: huyo ni mwigizaji, sisi hatutaki maigizo kanisani. Ni kweli, na hatari ipo. Msomaji anayelia machozi ya makusudi kwenye Maombolezo, au anayenguruma kama simba anaposoma habari za Danieli, amejiweka mbele ya Neno. Lakini usomaji bapa, wa haraka, usio na pumzi, nao humficha mwandishi, na wenyewe tumeuzoea hata tunauita unyenyekevu. Siku za Ezra walisoma "kwa sauti ya kusikilika; wakaeleza maana yake, hata wakayafahamu yaliyosomwa" (Neh. 8:8). Kufahamu ndicho kipimo.

Basi tulichukue somo la wiki hii na kulitendea kama barua.

Kwanza, nani anasema? Paulo, mwaka 57 hivi, akiwa Korintho. Aliyeshika kalamu ni Tertio (16:22), na Fibi wa Kenkrea anayetambulishwa mwishoni (16:1–2) ndiye anayeonekana kuibeba hadi Rumi. Katika 8:35 Paulo anataja vitu saba: dhiki, shida, adha, njaa, uchi, hatari, upanga. Fungua 2 Wakorintho 11:23–27 ukahesabu alivyokwisha kupitia. Sita vyote vimo. Wa saba, upanga, ulikuwa bado, na mapokeo ya kanisa yanasema ulimkuta Rumi, mji ule ule anaouandikia. Ukishajua hilo huwezi kulisoma neno "upanga" kama tarakimu ya mwisho kwenye orodha ya dukani.

Pili, mitego ya maneno. Katika Biblia ya Kiswahili ya Union Version aya ya 32 inaanza "Yeye asiyemwachilia Mwana wake mwenyewe". Jicho lenye haraka husoma "aliyemwachilia", na Injili imegeuzwa kwa silabi moja. Aya ya 34 ina "adhabu", ya 35 ina "adha". Ulimi uliozoea la kwanza hulirudia kwenye la pili, na dhiki za waamini zikageuka kuwa hukumu, kinyume kabisa cha alichotoka kusema Paulo. Kisha kuna yale marefu: atakayewashitaki, atakayewahukumia, atakayetutenga, kutukirimia. Msomaji hujikwaa kwa sababu anayaona kwa mara ya kwanza, akili inatafuta pa kukata neno wakati mdomo umeshaanza. Dawa ni kuyatamka kwa sauti mara tano tano siku ya Alhamisi, si kuyapitia kwa macho. Mdomo nao una kumbukumbu yake.

Tatu, mwendo. Ukiyagawa maneno ya Biblia ile ya Suchet kwa saa zake, unapata karibu maneno 150 kwa dakika. Usiiige kasi hiyo. Kiswahili hubeba nafsi, wakati na kitenzi ndani ya neno moja, kwa hiyo maneno 150 ya kwetu ni mzigo mkubwa zaidi masikioni. Maneno 100 kwa dakika yanatosha. Somo letu lina maneno kama 165. Pamoja na vituo vyake, likikamilika chini ya dakika moja na nusu umekimbia, na dakika mbili ni sawa.

Vituo vyenyewe viko kwenye maswali. "Ni nani" imekuja mara nne, aya za 31, 33, 34 na 35. Kosa la kawaida ni kuuliza na kujibu kwa pumzi moja: "Ni nani atakayewahukumia adhabu Kristo Yesu ndiye aliyekufa". Msikilizaji aliyeketi nyuma, na mashtaka yake moyoni, hakupewa nafasi ya kumtaja anayemshitaki. Uliza. Nyamaza kwa pumzi moja. Ndipo ujibu.

Nambari za aya ziache kabisa. Ziliingizwa na mchapaji Robert Estienne mwaka 1551, Paulo hakuzijua. Kwenye somo hili nambari ya 39 imeangukia katikati ya sentensi, na wasomaji wengi hushusha sauti pale kana kwamba jambo limekwisha, kumbe "wala" bado zipo tatu na kitenzi hakijafika.

Hapo ndipo penye kazi kubwa kuliko zote. Hesabu "wala" za aya ya 38 na 39: ni kumi. Mauti na uzima. Malaika na wenye mamlaka. Yaliyopo na yatakayokuwapo. Wenye uwezo, peke yao. Yaliyo juu na yaliyo chini. Kisha kiumbe kinginecho chote. Paulo amezipanga jozi jozi, na msomaji anayezitamka zote kwa uzito mmoja huzifanya ziwe kama majina ya mahudhurio. Zaidi ya hapo, kitenzi chao ni kimoja na kimekaa mwisho: "hakitaweza kututenga". Asiyepanga pumzi hufika pale kifua kimeisha, na neno lililobeba sura nzima linatoka kama mnong'ono. Kwa penseli weka alama ndogo ya pumzi baada ya "yatakayokuwapo", nyingine baada ya "yaliyo chini". Kutoka "wala kiumbe kinginecho chote" usipumue tena hadi upite "kututenga". Sauti isipande kwa kila "wala". Ikianza kupanda mapema itakosa pa kwenda. Ianze chini, itulie, na uzito wote uuache kwa kitenzi.

Ya kipaza sauti ni mafupi. Kiweke shibiri moja kutoka mdomoni, kando kidogo, maana herufi p ya "Paulo" ikipigwa moja kwa moja hulipuka kwenye spika. Kunywa maji ya kawaida, yasiyo baridi, robo saa kabla. Biblia iwe imefunguliwa tayari na karatasi ya alama iwe ndani yake, usije ukapekua kurasa mbele ya kipaza sauti. Silabi ya mwisho ya sentensi ndiyo humezwa kuliko zote, kwa kuwa Kiswahili hukazia ile ya kabla yake. Mwombe mtu akae benchi la nyuma siku ya mazoezi akuambie kama "wetu" imemfikia ikiwa "wetu" au ikiwa "we".

Kwa watakaosoma Jumapili hii: sura yote ya 8 isomeni nyumbani Jumatano, kwa sauti, mkianza aya ya 1, "Sasa, basi, hakuna hukumu ya adhabu juu yao walio katika Kristo Yesu", kwa kuwa maswali ya aya ya 33 na 34 yanajibiwa tangu huko. Alhamisi ni siku ya maneno marefu. Ijumaa wekeni alama za pumzi. Jumamosi msomeeni mtu mmoja, mkubwa au mtoto, kisha mwulizeni ni nani aliyekuwa akisema na alikuwa akimwambia nani.

Na Jumapili, ukishasema "ulio katika Kristo Yesu Bwana wetu", hesabu moja, mbili, tatu kimoyomoyo kabla ya kufunga kitabu.