Ana kosa, ana hatia au ana lawama?

Watu wa mtaani kwetu neno hatia wanalimwaga tu kama chumvi, eti fulani ana hatia, nani kakwambia? Hatia ni ya hakimu. Hata ukisimama kizimbani ukakubali kila kitu, wewe unakiri kosa, hatia unatiwa na mahakama. Katiba yetu ya Tanzania ibara ya 13(6)(b) inakataza mtu aliyeshtakiwa kwa jinai kutendewa kama mwenye kosa mpaka ithibitike kwamba anayo hatia, ndo maana redioni utasikia mtuhumiwa, akifika kortini anakuwa mshtakiwa, ila sisi huku tunaruka ngazi zote tunatua kwenye "mwiziii!" na tairi.

Kosa sasa ndo lako mwenyewe, na lina uzito tofauti tofauti. Nimekosea, hapo umepiga namba siyo, hakuna anayekununia. Nimekukosea, mmh, hapo kuna mtu kaumia, lete radhi. Ukisema nimekosa, bila kile ki-e, umejivua nguo kabisa, kisingizio hakuna, ndo ile Wakatoliki wanapiga kifua kwenye misa "nimekosa mimi, nimekosa mimi, nimekosa sana".

Lawama haina habari na ushahidi, inatupwa tu, anayedaka adake. Na ni nyepesi kiasi kwamba mtu anaweza kuichagua, si tunasema bora lawama kuliko fedheha? Sijawahi kusikia mtu anasema bora hatia. Vijana nao wana neno lao, msala, yaani balaa, na mara nyingi msala unabebeshwa, yaani kafanya mwingine unaozea wewe.

Kuna kikoba kimoja hapa jirani, kile kikundi cha kuweka na kukopeshana hela, kiliibiwa sanduku la hela. Sanduku la kikoba mnalijua, kufuli tatu, funguo kwa watu watatu, makusudi ili mmoja asifungue peke yake. Sasa hao wenye funguo wakachoka kuja kila wiki, wakamwachia mweka hazina funguo zote na sanduku liko chumbani kwake, usiku mwizi kaingia kafungua kwa raha zake hata kufuli hakuvunja. Kwenye kikao wamama wakaanza, ana hatia huyu, mwingine akasema mwiba wa kujichoma hauambiwi pole.

Mi naona yule mama ana uzembe, alipokea funguo ambazo hakutakiwa kuzipokea, lawama kidogo anastahili na mwenyewe hakubisha. Lakini kosa la kuvunja utaratibu walilianza waliotoa funguo, tena kwa hiari yao na kwa uvivu tu, afu hakuna aliyewataja. Mpaka leo anadaiwa alipe peke yake kidogo kidogo kila kikao, na wanaopaza sauti kumdai ni walewale wenye funguo.