Kumfuata Hattie McDaniel mjini Los Angeles

Wageni wengi wanaokuja Los Angeles kwa ajili ya sinema hukimbilia Hollywood kupiga picha na nyota za barabarani. Mimi nilishuka treni kituo cha Wilshire/Normandie, mtaa wa Wakorea, kutafuta hoteli ambayo haipo tena. Ambassador ilibomolewa, na tangu 2010 pale pana shule yenye jina la Robert F. Kennedy, seneta aliyepigwa risasi ndani ya hoteli hiyo mwaka 1968. Nilikuta wanafunzi wanatoka, na mama mmoja akiuza embe la vipande, limenyunyiziwa pilipili na ndimu. Nikanunua, nikala nimesimama pale getini.

Hapo, kwenye ukumbi wa Cocoanut Grove, tarehe 29 Februari 1940, Hattie McDaniel alitunukiwa Oscar ya mwigizaji msaidizi wa kike kwa filamu ya Gone with the Wind. Hakuna Mweusi aliyewahi kuipata Oscar kabla yake. Hoteli haikupokea Weusi, kwa hiyo mtayarishaji David O. Selznick alilazimika kumwombea ruhusa ya kuingia. Wenzake wa filamu ile ile walikaa meza ya Selznick. Yeye akapangiwa kimeza kando, ukutani. Hata ile sanamu maarufu hakupewa, maana waigizaji wasaidizi enzi hizo walipewa kibao tu. Na Desemba 1939, filamu ilipozinduliwa Atlanta, hakuwepo: Georgia ilikuwa bado na sheria za ubaguzi.

Nikapanda basi la kuelekea kusini, nikiwaza ile sehemu ya filamu Hattie anapopanda ngazi na mwigizaji mwenzake Olivia de Havilland akimsimulia msiba ulioikumba nyumba. Anapanda, anaongea, analia, na sauti haimkatiki. Mwigizaji mkuu ana filamu nzima ya kutushika. Yeye alipewa ngazi tu.

Wazazi wake walizaliwa utumwani. Alifika mjini hapa mwaka 1931, na kazi za studio zilipokuwa haba alifanya kazi za ndani kwenye nyumba za watu, kisha akienda studio anaigiza kazi hizo hizo. Filamu nyingi hazikuandika hata jina lake. Walter White, kiongozi wa NAACP, chama cha kutetea haki za Weusi, aliwashambulia waigizaji Weusi waliokubali nafasi za utumishi. Inasimuliwa kwamba Hattie alijibu ni afadhali kuigiza mtumishi kwa dola 700 kwa wiki kuliko kuwa mtumishi kwa dola 7. Hoja ya White naielewa, ila kwangu lawama iende kwanza kwa walioandika filamu zenyewe.

Makaburi ya Rosedale yamepakana na barabara ya Normandie. Yalifunguliwa 1884 na kupokea watu wa rangi na dini zote. Hattie, aliyefariki Oktoba 1952, alitaka kuzikwa makaburi ya Hollywood pamoja na mastaa wenzake. Wakamkataa kwa rangi yake, ndipo akazikwa hapa Rosedale.

Kutoka hapo nilitembea kwa miguu hadi mtaa wa Sugar Hill, alikokuwa na nyumba yake barabara ya Harvard. Majirani Wazungu walienda mahakamani ili Weusi waondolewe. Mwaka 1945 jaji akaitupilia mbali kesi yao. Kilichowashinda majirani kikaja kufanywa na serikali: miaka ya 1960 barabara kuu ya Santa Monica ilipasua mtaa huo katikati. Magari yanavuma hapo chini mfululizo, huwezi kuongea na simu.

Hollywood nilipitia mwisho, haraka haraka. Mwaka 1999 mmiliki mpya wa yale makaburi alitaka kumhamishia huko. Ndugu wakakataa asisumbuliwe, ndipo ukajengwa mnara wa kumbukumbu karibu na ziwa. Wale ndugu nawapa heko. Kibao cha Oscar nacho alikiachia Chuo Kikuu cha Howard, kikapotea, na Akademia inayotoa Oscar ikatoa kingine mwaka 2023. Hicho kiko Washington, nauli yake bado naitafuta.