Jiwe la Maiti: Kwa Miguu Hadi Gásadalur

Kijana aliyenipa lifti kutoka uwanja wa ndege wa Vágar alisimamisha gari mbele kidogo ya kijiji cha Bøur, karibu na mdomo wa handaki. Hakuelewa kwa nini nashuka. Gásadalur iko upande wa pili wa mlima, tungepita tu ndani na kutokea. Nikamshukuru, nikafunga koti la mvua hadi shingoni, nikashika njia ya mlimani. Nilikuja Visiwa vya Faroe, sehemu ya ufalme wa Denmark iliyoko Atlantiki ya Kaskazini, kwa ajili ya njia ile.

Gásadalur ni kijiji kidogo mwishoni mwa kisiwa cha Vágar, upande wa magharibi. Kimezungukwa na milima, mmojawapo ukiwa Árnafjall wenye mita 722, mrefu kuliko yote kisiwani. Mbele yake ni bahari, lakini bahari yenyewe iko chini ya jabali lililosimama wima kama ukuta. Kwa mamia ya miaka, aliyetaka kutoka au kuingia alipanda mlima kwa miguu. Mwaka 1983 ilianza kuja helikopta. Gari halikuweza kufika mpaka handaki lilipotobolewa mwaka 2004.

Njia inaanza kwa upole, kisha inakutoa jasho hata kwenye baridi. Nyasi zimelowa, udongo unateleza, na upepo unaleta mvua ubavuni. Kila nilipogeuka kuvuta pumzi niliona Tindhólmur, kisiwa chenye vilele vilivyochongoka kama meno ya msumeno, kikitokea na kufichwa na ukungu. Marundo ya mawe yaliyopangwa na watu wa zamani ndiyo yanayokuongoza. Mpeleka barua wa posta alipita hapa mara tatu kwa wiki, mfuko begani, kiangazi na majira ya theluji, mpaka handaki lilipompokea kazi hiyo. Nilikuwa na chupa ya maji na mkate tu, na magoti yalishaanza kulalamika.

Huko juu nikalikuta jiwe. Wenyeji wanaliita Líksteinurin, yaani jiwe la maiti. Ukilipita bila kujua habari zake, utaliona jiwe kama mengine. Lakini Gásadalur haikuwa na makaburi yake mpaka mwaka 1873. Aliyefariki kabla ya hapo alibebwa mabegani kuvuka mlima huu hadi Bøur kuzikwa, na hapa ndipo wabebaji waliporuhusiwa kulitua jeneza na kupumzika. Kwa hiyo mzigo ule ulipandishwa kutoka kijijini mpaka hapa juu bila kugusa ardhi. Niliitazama ile miteremko, nikajiuliza ilikuwaje siku ya barafu, ilikuwaje marehemu alipokuwa mtu mzima mwenye mwili mkubwa, na wanaume wa kijiji hawazidi wachache.

Mimi ni mtoto wa Lushoto. Nimekulia kwenye milima ya Usambara, na nimeona wagonjwa wakishushwa kwa machela, watu wakipokezana bega kwa bega bila kuambiana. Nadhani ndiyo maana nilikaa pale muda mrefu kuliko nilivyopanga. Niliweka kiganja juu ya jiwe. Lilikuwa baridi na lina maji. Niliwaombea, ingawa sijui hata jina la mmoja wao.

Kushuka upande wa pili ni kukali zaidi kuliko kupanda. Kijiji kilijitokeza ghafla ukungu ulipofunguka: nyumba chache, baadhi zikiwa na nyasi juu ya paa, mashamba ya majani ya mifugo, kondoo kila mahali. Pembeni, mto mdogo unafika ukingoni mwa jabali na kujitupa moja kwa moja baharini. Hayo ndiyo maporomoko ya Múlafossur, na wageni wengi huja kuyapiga picha na kuondoka. Ni mazuri kweli, siwalaumu.

Lakini mimi nilivutiwa zaidi na ngazi zinazoshuka hadi majini. Zilijengwa mwaka 1940, Waingereza walipovishika visiwa hivi baada ya Wajerumani kuivamia Denmark. Hata zilipokuwepo, gati halikufaa siku za mawimbi, na hizo ndizo siku nyingi. Wavuvi wa Gásadalur walilazimika kuweka mashua zao Bøur. Fikiria: unaiona bahari mlangoni pako, na ili uende kuvua unavuka mlima kwanza! Basi kijiji kiliishi zaidi kwa ardhi yake nzuri, kondoo, na ndege wa baharini waliotegwa kwenye majabali.

Kuhusu jina, wengine husema ni bonde la mabata bukini. Hadithi ya wenyeji inamtaja mwanamke aitwaye Gæsa, wa kijiji cha Kirkjubøur, aliyekula nyama wakati wa Kwaresima, akanyang'anywa mali yake, akakimbilia huku. Mahali pa kujificha alichagua vizuri.

Mzee mmoja alinikuta nikikamua soksi kwenye ukuta wa mawe, akanikaribisha chai. Alizungumza Kiingereza cha taratibu. Nilimuuliza kama handaki halikuchelewa, maana mwaka 2002 walibaki watu 16 tu na nyumba kadhaa zilikuwa tupu. Alifikiri kidogo. Akasema kwa walioondoka lilichelewa, kwa mama yake aliyezeeka hapa halikuchelewa, kwani daktari aliweza kufika.

Sikuwa na la kuongeza. Nimesikia watu wakisema ni upotevu wa fedha kutoboa mlima kwa ajili ya watu 16. Mimi, baada ya kupita pale juu, siwezi kukubaliana nao.

Jioni alinirudisha kwa gari lake. Handaki lina njia moja, na penye nafasi pembeni magari hupishana. Niliangalia saa. Hazikufika dakika tatu tukawa tumetokea nje, Tindhólmur mbele yetu. Mzee alipunguza mwendo, akanionyesha kwa kidevu kule juu mlimani, kwenye ukungu, liliko jiwe.